Mstari wa Shingoni

Nilipomaliza darasa la kumi niliomba chuo cha ualimu, nikaambiwa ningoje jibu. Mimi sijui kungoja. Nilikuwa nimeteremka kutoka Kilimanjaro kuja kukaa kwa baba yangu mdogo, aliyekuwa akiuza vitunguu na viazi vya kwetu kwa jumla pale sokoni Kariakoo, na kutwa nilishinda chumbani nikisoma magazeti ya zamani ya kufungia vitu. Kwa hiyo mwalimu mkuu wa shule ya serikali ya mtaa wa pili alipokuja dukani kuuliza kama kuna msichana anayejua Kiingereza, anayejua Kiswahili, na anayeweza kukaa kimya, baba mdogo alicheka.

“Viwili vya kwanza anavyo,” alisema.

Kazi yenyewe ilikuwa hii. Ofisi ya Elimu ilikuwa imemleta mama mmoja wa Kizungu achunguze akili za watoto wa shule za mjini. Wakati ule shule zilikuwa chache na watoto wengi. Wengine walisoma asubuhi na wengine mchana, kwenye madawati yale yale. Ukifika darasa la nne ndipo mlango unakuwa mwembamba. Unafanya mtihani, na wanaopita kwenda darasa la tano katika shule ya kati ni wachache, wasichana ndio kabisa. Waliobaki wanarudi nyumbani na elimu yao imeishia hapo. Sasa wakubwa walitaka kujua kama mtihani ule unachagua vizuri, au kama kuna njia nyingine ya kumtambua mtoto mwenye akili hata kama hesabu za kugawanya zinamshinda. Mwalimu mkuu alituambia wazi kwamba mwaka ule vipimo vya yule mama vitatazamwa pamoja na mtihani.

Nilifurahi sana. Nilikuwa naamini kabisa kwamba akili inaweza kupimwa kama unga.

Nyumba tuliyopanga ilikuwa ya bibi mmoja mzaliwa wa hapo hapo Kariakoo, na bibi huyo alikuwa analea mjukuu wa kike aliyesoma darasa la nne katika shule ile ile. Asubuhi yule mtoto alikuwa shule, mchana alikuwa chuoni akisoma Kurani, na jioni alikuwa mlangoni kwangu na kitabu. Ananiita Dada, anauliza swali, kabla sijajibu ameshauliza la pili. Nilimpenda kwa sababu hiyo.

Bibi hakupinga shule kwa ubishi tu. Alinieleza jioni moja tukiwa uani, yeye anachambua mchele. Zamani, alisema, mtoto wa hapa akipelekwa shule ya wageni alirudi na jina lingine, na msalaba shingoni. Ndiyo maana watu wa pwani waliwaficha watoto wao.

“Nyie wa milimani mlikimbilia,” alisema. “Sisi tulikaa tukatazama kwanza nani anarudi kama alivyokwenda.”

“Na sasa, Bibi?”

“Sasa bado natazama. Akichaguliwa, ataenda, nimeshamwahidi marehemu mama yake. Asipochaguliwa namweka ndani. Huoni anavyokua?”

Kuwekwa ndani nilikuwa nimeshakuelewa. Palikuwa na msichana nyumba ya jirani ambaye sikuwahi kumwona hata mara moja, nilisikia kikohozi chake tu nyuma ya pazia. Yule mtoto alikuwa pembeni yetu anakuna nazi. Mbuzi ilinyamaza kidogo, halafu ikaendelea.

Yule mama wa uchunguzi alipewa stoo ya shule. Ilikuwa masika, bonde la Jangwani lote limejaa maji, na watoto wa upande ule walikuja na matope mpaka magotini. Dirisha la stoo lilikuwa limepigiliwa mbao zamani, kwa hiyo tuliwasha kandili mchana. Kulikuwa na meza, viti, karatasi na penseli. Watoto waliingia mmoja mmoja, na mlango ulifungwa. Mimi nilikaa mbele ya mtoto. Yule mama alikaa nyuma yake, kwenye kona, mahali ambapo mtoto hamwoni lakini anajua yupo.

Maneno niliyoruhusiwa kusema yalikuwa haya: “Chora mtu. Mchore vizuri kadiri unavyoweza. Ukimaliza nipe.” Basi. Nisiongeze, nisipunguze, nisitabasamu, nisitikise kichwa.

“Ukimsaidia mtoto mmoja kwa neno moja,” aliniambia yule mama, “hatumpimi tena yeye. Tunakupima wewe.”

Niliona ni sawa kabisa.

Mtoto wa kwanza alikuwa mvulana mwenye mafua. Alichora mwanamume mwenye kofia, akamtia vifungo, masikio, vidole vyote. Alikuwa amepachika ulimi kwenye pembe ya mdomo kwa bidii. Alipomaliza alimtazama yule mtu wake. Kisha akashika penseli upya, akaweka ncha upande mmoja wa shingo, akaivuta mpaka upande wa pili. Mstari mmoja, taratibu, bila hasira yoyote. Akanisogezea karatasi.

“Tayari, Mwalimu.”

Nilidhani ni mkufu, au kola. Akaingia msichana mdogo, akachora mama amebeba mtoto mgongoni. Alichora vizuri, hata mafundo ya kanga yalionekana. Alipomaliza akamkata mama shingo. Halafu akamkata mtoto.

Akaingia mwingine, na mwingine. Mlango unafunguka, mwanga kidogo, mlango unafungwa. Nasema maneno yangu. Penseli inakwaruza, inanyamaza, na mimi najua sasa kinakuja nini. Nabana pumzi mpaka nisikie ule mkwaruzo mmoja wa mwisho. Wala hawakuwa na huzuni. Walifanya kama mtu anayefunga mlango wa nyumba yake kabla ya kutoka.

Wachache hawakufanya. Walichora mtu, wakamwacha, wakanipa. Sikujua kwa nini wale tu, na sikuruhusiwa kuuliza.

Adhuhuri yule mama alizitandaza karatasi mezani, tukasimama tukazitazama chini ya kandili. Wanaume, wanawake, askari, mama na watoto wao, wote wanatutazama kwa macho ya duara, na karibu wote shingo zimekatwa.

“Kuna jambo lilitokea mtaa huu?” aliniuliza. “Mauaji? Ajali ambayo watoto waliiona?”

Nilisema sijui, mimi mgeni. Nilimuuliza mwalimu mkuu, naye alikuwa mtu wa bara kama mimi, aliyesomea misheni kama mimi, akasema watoto wale darasani huchora vikombe na majani na nyumba, yeye hajawahi kuona kitu kama hicho. Nilimuuliza baba mdogo. Akafikiri, akasema labda yule kibarua aliyegongwa na treni kule mtaa wa Gerezani, kabla mimi sijaja.

“Alikatika wapi?” niliuliza.

“Wewe nawe. Kwani nilikwenda kupima?”

Nilimpelekea yule mama habari ya kibarua, akaiandika. Na tangu siku hiyo sikuweza kupita Gerezani bila kuangalia kati ya reli.

Ubaya wa jambo la namna hii ni kwamba ukishalijua unaanza kuliona. Nilikwenda kununua uzi kwenye duka la Banyani mmoja, na pale mlangoni kulikuwa na lile sanamu la kupimia magauni, kifua na mabega, juu ya shingo hakuna kitu. Nilipita pale kila siku wala sikuwahi kulijali. Ndani, ukutani, alikuwa ametundika picha ya miungu yake na kuivika shada la maua ya manjano, na shada lenyewe lilikuwa limelala shingoni kabisa, nikawa natamani kuliinua nione chini yake. Mwenye duka aliniuliza mara mbili nataka uzi wa rangi gani.

Darasani palikuwa na chati ya herufi, kila herufi na picha yake. Nikaisogelea. Mbuzi alikuwa na mkwaruzo mwembamba shingoni, wa ncha ya msumari. Mtu alikuwa nao. Ng'ombe alikuwa nao. Nyumba na ngoma hazikuguswa.

Halafu nikaukuta mkwaruzo ule nyumbani. Bibi alinituma chumbani kwake nimletee kopo la sukari, kopo la biskuti la zamani lenye picha ya mwanamke wa Kizungu mwenye mwavuli. Nililishika nikaligeuza kwenye mwanga wa mlango. Rangi ilikuwa imekwanguliwa kwenye shingo ya yule mwanamke, mstari mnyoofu, mpaka bati likaonekana. Alikuwa bado anatabasamu. Nilimpelekea Bibi sukari yake, nikashindwa kumuuliza. Mimi ambaye siwezi kungoja jibu la chuo, nilishindwa kumuuliza mwanamke mzee swali moja, kwa sababu niliogopa atakachosema.

Zamu ya mjukuu wake ilifika siku ya Alhamisi. Aliingia akaketi, akanitazama kama hanijui, maana nilikuwa nimemwonya nyumbani kwamba ndani ya stoo mimi si Dada. Nikasema maneno yangu.

Alimchora bibi yake. Alimchora vizuri kuliko watoto wote niliowaona. Kanga ilikuwa na pindo, masikio yalikuwa na majasi, mkono mmoja ulikuwa na ungo na mwingine umeshika kiuno kama Bibi anavyoshika akikasirika. Nilisikia yule mama kule kwenye kona anasogeza kiti aone. Nikasema moyoni, huyu amepita, huyu hawekwi ndani. Ndipo akageuza penseli, akaiweka shingoni mwa bibi yake, na akavuta.

“Kwa nini unamkata?” nilisema.

Mtoto alishangaa, si kwa swali, bali kwa kuwa mtu mzima hajui jambo hilo.

“Dada, huyu si ana roho?” alisema. “Ukichora chenye roho ukakiacha hivi, siku ya kiama utaambiwa, haya, ulimuumba, sasa mpulizie roho. Na wewe huwezi. Atasimama mbele yako anakudai, huwezi kumpa.”

“Nani amekuambia?”

“Maalimu wa chuoni. Ukipiga mstari hapa anakuwa si mtu tena. Ni picha tu.” Akafikiri kidogo. “Watoto wanasema sisi hatutadaiwa. Wanasema utadaiwa wewe, maana ndiye unayetuamrisha tuchore. Wanasema siku hiyo utakuwa na kazi.”

Alisema hivyo kwa upole tu, kama mtu anayekukumbusha kwamba umeanua nguo kabla hazijakauka.

Alipotoka nilimfasiria yule mama kila neno. Nilitegemea atacheka, au ataona haya, maana wiki nzima tulikuwa tunatafuta maiti relini. Badala yake alifungua kitabu chake cha maelekezo na kukaa nacho muda mrefu. Kitabu kilisema kichwa kinatakiwa kiunganike na mwili kwa shingo. Penye mstari wa kutenga, alama zinakatwa, maana ni dalili ya akili ambayo haijapevuka. Alisema ataeleza ile mila katika ripoti yake. Alama hawezi kuzibadilisha. Kipimo kimetumika nchi nyingi. Akikilegeza Kariakoo, hakitalingana tena na kwingine.

“Lakini wanajua shingo iko wapi,” nilisema. “Wanajua vizuri sana.”

“Najua,” alisema. Alionekana amechoka. “Na karatasi ya huyu wa leo imeharibika. Umezungumza naye. Itabidi achore tena wiki ijayo.”

Ndipo nikaelewa wale wachache walioacha shingo nzima ni kina nani. Walikuwa watoto wa wafanyakazi wa reli waliohamia kutoka bara, Wakristo wenzangu. Katika hesabu za yule mama, hao ndio waliokuwa na akili.

Asubuhi yake niliwaambia Bibi na mjukuu wake kila jambo, sikuficha: ukipiga mstari unakatwa alama, usipopiga unapata. Nafasi za wasichana ni chache mno. Nilijua ninavunja sheria ya stoo, na nilikuwa sina subira nayo tena.

Bibi aliweka chini kikombe cha kahawa.

“Kwa hiyo wanataka amwache hai.”

“Ni picha tu, Bibi.”

“Kwako ni picha. Mjukuu wangu hatadaiwa roho kwa ajili ya darasa la tano. Nitamweka ndani, atasali, ataolewa, siku ya kiama atasimama hana deni.”

Mtoto alikuwa anasuka ukili wa mkeka miguuni pa bibi yake, na wiki nzima ile hakuja mlangoni kwangu kuuliza swali hata moja. Nilizoea kumfukuza akalale, sasa nilikuwa nasikiliza kama anakuja. Mara mbili nilimkuta amesimama ukumbini kwenye giza, ananitazama. Si machoni. Ananitazama mabega, masikio, nywele, shingo.

Siku ilipofika mvua ilikuwa inapiga bati mpaka ikabidi niseme maneno yangu kwa sauti. Chora mtu. Mchore vizuri kadiri unavyoweza. Ukimaliza nipe.

Alinitazama, akachora. Akanitazama tena, akachora. Hakuharakisha. Niliona nywele zangu zinatokea kwenye karatasi, jinsi ninavyogawanya njia katikati. Kisha gauni langu lenye mfuko mmoja. Kisha mikono yangu imelala juu ya meza kama ilivyokuwa imelala wakati ule. Nikataka kuiondoa nikaogopa. Akatia macho, na ule mkunjo nilio nao hapa kati ya nyusi. Sijawahi kupigwa picha nikafanana hivyo. Alipomaliza, penseli ilikuja mpaka shingoni ikasimama. Halafu akailaza penseli mezani na kunipa karatasi, shingo nzima.

Nje, chini ya mchirizi, alininong'oneza.

“Nimefikiri, Dada. Wewe roho yako unayo tayari. Akija siku hiyo kudai, atakuta hakuna wa kupewa, maana ni wewe mwenyewe. Kwa hiyo mimi sidaiwi.”

“Na mimi?”

Alifikiri juu ya hilo kwa haki kabisa.

“Wewe sijui,” alisema.

Yule mama alimaliza uchunguzi wake, akafunga karatasi zote kwenye sanduku la bati, sanduku likapelekwa bandarini. Mtihani ukafanywa, na kabla mvua hazijakatika mwalimu mkuu alisoma majina mbele ya shule. Wasichana waliochaguliwa walikuwa wachache kuliko hata nilivyoogopa. Jina la mjukuu wa Bibi lilikuwepo. Alikimbia njia nzima mpaka nyumbani, nami nyuma yake, tukapita sokoni tunarukia madimbwi na wauza samaki wanatutania.

Bibi alisikiliza. Hakushangilia. Alimwita mtoto karibu.

“Ulimchora nani?”

“Dada.”

“Ukamkata?”

Mtoto akatikisa kichwa, akaeleza hoja yake yote kama alivyonieleza mimi. Bibi alinigeukia.

“Picha iko wapi?”

“Imekwenda Ulaya, Bibi. Iko melini.”

Bibi alikisogeza kando chetezo cha udi. Alisema ahadi ni ahadi, lakini mtoto hatatoka mlango ule kwenda darasa la tano na kitu kama hicho kinatembea nyuma yake, kizima, kina macho, kiko nchi za watu na hakijui ni cha nani. Hoja ya mtoto ilikuwa ya mtoto. Nilianza kubishana. Nikasema barua inaweza kuandikwa, nikasema sanduku linaweza kutafutwa, nikasema mambo mengi upesi upesi, na yule mtoto alikuwa amesimama kati yetu ananitazama mimi tu, kwa sababu siku zote nilikuwa mtu mwenye majibu.

“Njoo kaa hapa,” Bibi aliniambia.

Nikakaa kwenye mkeka. Alichovya kidole chake cha shahada kwenye jivu la chetezo, jivu la udi, bado lina uvuguvugu.

“Picha iko mbali,” alisema. “Mwenyewe yuko karibu. Inua kidevu.”

“Bibi.”

“Tulia, Mchaga. Sikuchinji.”

Nilimtazama yule mtoto. Alikuwa ameshavaa viatu vya kuazima alivyokuwa ametafutiwa mapema kwa ajili ya shule mpya, vikubwa, na alikuwa amesimama navyo kwa uangalifu ili visitoe sauti. Nikainua kidevu. Kidole kilianza chini ya sikio la kushoto. Kilipita polepole juu ya koo, pale panapopanda na kushuka ukimeza, kikaenda mpaka chini ya sikio la kulia, na Bibi hakusema dua yoyote niliyoweza kuisikia. Uani kuku walikuwa wamenyamaza. Nilijaribu kumwambia inatosha, na kwa muda ambao siwezi kuusema ulikuwa mrefu kiasi gani, sauti haikutoka.

Bibi alifuta kidole kwenye kanga.

“Haya,” alimwambia mjukuu wake. “Nenda kasome.”